Kiti Kimoja cha Likoni: Kisa cha Chama cha Shirikisho

Wakenya walipiga kura Desemba 29, 1997, na hesabu ya viti vya ubunge ikatoka hivi: KANU, chama tawala, 107, DP 39, NDP 21, FORD-Kenya 17, SDP 15, Safina 5, FORD-People 3, kisha vyama vitatu vilivyoambulia kiti kimoja kimoja. Mojawapo ya hivyo vitatu kilikuwa Shirikisho Party of Kenya. Kiti chake kilikuwa Likoni, ng'ambo ya feri, kusini mwa kisiwa cha Mombasa, na aliyekitwaa ni Suleiman Shakombo.

Pwani nzima ilikuwa na majimbo ya ubunge 21. Chama kilichozaliwa kudai haki ya Pwani kikapata moja. Mtu akiitazama hesabu hiyo kwa haraka atasema Wapwani hawakutaka majimbo, yaani serikali za mikoa zenye madaraka yake, basi. Mimi nadhani atakuwa amekosea. Wapwani waliyataka majimbo kabla ya uhuru, wakayataka 1997, wakayapigia kura 2007 na 2010. Ambacho hawakukitaka ni chama cha kuyadai peke yake, na kulikuwa na sababu za hilo ambazo hazihusiani na uhodari wa viongozi wake hata kidogo. Tuzipitie.

Tuanze na neno lenyewe. “Shirikisho” ni majimbo kwa jina la heshima. Katiba ya uhuru ya 1963 iliigawa Kenya katika majimbo saba, kila moja na baraza lake, pamoja na Seneti ya kuyalinda. Aliyeupigania mfumo huo kwa nguvu zaidi alikuwa Ronald Ngala, mtoto wa Kilifi na rais wa chama cha KADU. Novemba 1964 KADU ikajivunja, wabunge wake wakaingia KANU, na majimbo yakafa pamoja nayo. Seneti ilifutwa miaka michache baadaye. Ndani ya KADU hiyohiyo alikuwamo Daniel arap Moi, jambo litakalotufaa mbele kidogo.

Kando ya majimbo kulikuwa na suala la Mwambao, ule ukanda wa maili kumi uliokuwa chini ya Sultani wa Zanzibar ukitawaliwa na Waingereza kama himaya. Wako waliotaka Mwambao ujitawale. Wako waliotaka ubaki na Zanzibar. Mkataba wa Oktoba 1963 ukaumaliza mjadala kwa kuufanya ukanda huo kuwa sehemu ya Kenya. Nayataja haya mawili pamoja kwa sababu watu wa nje huyachanganya, nao Wapwani wenyewe hawakuwahi kuyaunganisha. Mmijikenda wa Ganze aliyelilia ardhi hakuwa na hamu ya bendera ya Sultani. Mswahili wa Mji wa Kale aliyeikumbuka bendera hiyo hakuwa lazima alie na squota wa Magarini, anayeishi kwenye ardhi asiyo na hati yake. Mtaita alikuwa na yake, Mpokomo na Muorma yao. “Pwani” ni mkoa kwenye ramani. Kuifanya kambi moja ya kupiga kura ni kazi nyingine kabisa, na hapo Shirikisho ilianza safari ikiwa na mzigo kichwani.

Vyama vingi viliporudi, jaribio la kwanza la Pwani halikuwa Shirikisho bali IPK, chama cha Kiislamu kilichopata nguvu Mombasa 1992. Serikali ilikataa kukisajili. Wafuasi wake wakaipa FORD-Kenya kura zao, na Likoni ikaenda kwa upinzani mwaka huo. Kwa hiyo ilipofika 1997 Likoni haikuwa ngome ya KANU, wala haikuwa ya Pwani peke yake. Ukishuka feri siku zile ungekuta Wadigo wenyeji wa Likoni wakiishi ukuta kwa ukuta na Waluo, Waluhya, Wakamba na Wakikuyu waliokuja kwa kazi za bandari, hoteli na biashara ndogondogo. Hao ndio walioitwa wabara, na wengi wao walikuwa wamejiandikisha kupiga kura palepale.

Kisha ikaja Agosti 13, 1997.

Usiku ule kundi la vijana waliokula kiapo lilivamia kituo cha polisi cha Likoni na kituo kidogo cha kivukoni, likaua askari, likachukua bunduki. Fujo zilizofuata, ambazo watu huziita za Kaya Bombo, zililenga watu wa bara. Zaidi ya watu 100 waliuawa na makumi ya maelfu wakahama. Maelfu walikimbilia uwanja wa kanisa Katoliki la Likoni, wakalala pale na magodoro na sufuria zao. Vijana walioshambulia waliambiwa kwamba wanapigania majimbo: wabara wakiondoka, ardhi na kazi zitarudi kwa wenyewe. Tume ya Jaji Akiwumi ilikuja kuchunguza fujo hizi na nyingine za kikabila za miaka ya tisini, na ripoti yake ikawekwa hadharani 2002.

Sasa uchukue uchaguzi wa Desemba uuweke juu ya picha hiyo. Sheria ilimtaka mpiga kura apige kura pale alipojiandikisha. Mtu aliyejiandikisha Likoni na sasa yuko kwa shangazi yake Kisumu au Machakos, nyumba yake imeteketea, hakuwa na namna ya kuhamisha kura katika wiki chache zilizobaki. Kura yake ilikufa kimyakimya. Sidai kwamba ndiyo sababu pekee ya ushindi wa Shirikisho Likoni. Mgombea alikuwa mtu wa pale na alijulikana. Lakini mchambuzi anayekihesabu kiti hicho kama ushahidi kwamba wazo la Shirikisho lilikubalika, bila kutaja kwamba daftari la wapiga kura lilikuwa na majina na wenye majina hawapo, hajatenda haki.

Fujo hizo ziliisumbua Shirikisho kwa namna nyingine tena, ya kudumu zaidi. Kabla ya Agosti, mtu angeweza kusimama jukwaani Kwale akasema “majimbo” akimaanisha mapato ya bandari na hoteli yabaki nyumbani. Baada ya Agosti, jirani yake Mkamba alisikia neno lilelile na kuelewa: funga virago. Chama chenye neno hilo hadi kwenye jina lake kingefanya nini? Hakikuweza kuomba kura za wabara wa Mombasa. Na bila kura hizo, katika majimbo ya ubunge ya mjini, huendi mbali.

Kulikuwa pia na jambo la kisheria ambalo vijana wa leo hulisahau. Mwaka 1997 hapakuwa na mgombea huru nchini Kenya. Ukitaka ubunge, lazima chama kikudhamini. KANU ikikunyima tiketi kwenye kura ya mchujo, una njia mbili: kwenda nyumbani au kutafuta chama kingine. Vyama vidogo vya wakati ule vilikuwa nusu chama, nusu kituo cha basi. Watu walipanda, wakashuka. Ukiiondoa Likoni, hiyo ndiyo kazi kubwa ambayo Shirikisho ingeweza kuifanya mikoani: kumpa pa kusimamia yule aliyekosana na KANU. Wenye vyama vya aina hii hawapendi kuambiwa hivyo, lakini ndivyo soko lilivyokuwa.

Mfano mzuri wa njia ya pili ni Emmanuel Karisa Maitha, Mugogo kwa wafuasi wake. Mwaka huohuo wa 1997, ng'ambo ya pili ya kisiwa, kaskazini, Maitha aligombea Kisauni kwa tiketi ya DP, chama cha Mwai Kibaki, chama ambacho mtu angekiita cha watu wa Mlima Kenya. Akashinda. Miaka mitano baadaye Kibaki akawa rais, na Maitha akawa Waziri wa Serikali za Mitaa, msemaji wa Pwani asiye na mpinzani hadi alipofariki Agosti 2004. Watu wa Pwani waliyaona haya yote mawili: jirani mmoja kachukua tiketi ya chama cha nyumbani, mwingine kachukua cha wageni, na aliyekaa meza kuu ni huyu wa pili. Mkono mtupu haulambwi, walisema wazee, na chama chenye mbunge mmoja kina mkono mtupu kweli.

Au je, kweli? Hapa ndipo hesabu ya 1997 inapovutia. KANU ilikuwa na viti 107 kati ya 210 vya kuchaguliwa. Nusu ni 105. Rais Moi, kiongozi wa KANU, alikuwa na wingi wa kura mbili tatu tu kabla ya wabunge 12 wa kuteuliwa, na wale wa kuteuliwa waligawanywa sawa kati yake na upinzani. Katika bunge la namna hiyo, mbunge mmoja anayekaa katikati anaweza kuwa mtu wa bei kubwa sana: anakunywa chai na serikali asubuhi na upinzani jioni. Ungetegemea Shirikisho iuze kura yake kwa barabara, kwa hatimiliki za mashamba, kwa chochote.

Haikuwa hivyo, kwa sababu Moi alipata muuzaji wa jumla. Raila Odinga, mwenye viti 21 vya NDP, alianza ushirikiano na KANU baada ya uchaguzi; mwaka 2001 akaingia barazani kama waziri, na Machi 2002 vyama hivyo viwili vikaungana kabisa. Mwenye duka akishanunua gunia zima, hasimami tena barabarani kununua kilo. Kiti cha Likoni kikapoteza thamani bila ya aliyekikalia kukosea lolote.

Kuna jambo kuhusu Moi ambalo lazima lisemwe. Yeye ndiye aliyekuwa KADU na Ngala. Miaka ya tisini watu wa KANU waliimba majimbo kuliko mtu yeyote, hasa Bonde la Ufa, kila walipotaka kuwatisha wapinzani wa upande wa kati. Kwa hiyo mpiga kura wa Pwani aliyetaka majimbo alikuta bidhaa hiyo inauzwa na chama tawala chenye pesa, magari na machifu, na inauzwa pia na chama kipya kisicho na kitu. Katiba nayo ilimtaka mgombea urais apate angalau asilimia 25 ya kura katika mikoa mitano kati ya minane. Mkoa wa Pwani, ukiwa hauna mgombea wake, ulikuwa mguu wa kusimamia kwa kila mtu mkubwa. Wote waliuhitaji. Hivyo hapakuwa na uchaguzi ambao vigogo wangeiacha Pwani ipumue na kukijenga chama chake kwa utulivu.

Desemba 27, 2002, wimbi la NARC, muungano wa upinzani wa Kibaki, lilipoikumba nchi, Shirikisho ilipata tena kiti kimoja. Si haba kwa chama kidogo mwaka ambao KANU yenyewe iliangukia 64. Lakini kiti kimoja baada ya miaka mitano ni kiti kimoja. Shakombo mwenyewe alikuja kuingia kwenye baraza la Kibaki mwishoni mwa 2005, Kibaki alipolipanga upya baada ya kushindwa kwenye kura ya maoni ya katiba, akapewa wizara ya Turathi za Kitaifa. Naam, mtu wa chama cha majimbo aliupata uwaziri, na aliyempa ni rais ambaye watu wake ndio waliolichukia sana neno majimbo.

Kejeli hiyo ilikomaa 2007. ODM ya Raila ilizunguka nchi ikiahidi kugawa madaraka, na mahasimu wake wakapiga kelele kwamba hayo ni majimbo, na kwamba majimbo ni vita. Shirikisho ilikuwa wapi? Ilikuwa miongoni mwa vyama vidogo vilivyojipanga nyuma ya PNU ya Kibaki. Nimewahi kujaribu kumweleza kijana mmoja jambo hili na akadhani nimechanganya vyama. Chama kilichoasisiwa kwa ajili ya wazo moja kilisimama upande wa pili siku wazo hilo lilipokuwa swali kuu la uchaguzi. Wapwani wakampa Raila kura nyingi kuliko Kibaki. Likoni ikachukuliwa na Masoud Mwahima wa ODM. Magarini, kaskazini mwa Kilifi, ikachukuliwa na wakili kijana wa ODM aitwaye Amason Kingi. Tutamrudia.

Katiba ya 2010 ndiyo iliyopiga pigo lililobaki, na ilipiga kwa mikono miwili.

Mkono wa kwanza ulitoa kile kilichodaiwa. Kaunti 47, magavana, mabaraza, fedha kutoka Nairobi kila mwaka, na Seneti ikarudi. Pwani ikapata kaunti sita: Mombasa, Kwale, Kilifi, Tana River, Lamu na Taita Taveta. Si majimbo ya Ngala, maana mkoa wenyewe ulikatwa vipande, lakini mwananchi wa kawaida aliona ofisi ya gavana imejengwa mahali anapoweza kwenda kwa matatu. Nani atakipigia kura chama cha kudai kitu kilichokwisha kutolewa?

Mkono wa pili ulifunga mlango. Kifungu cha 91 kinasema chama cha siasa kiwe na sura ya kitaifa, na kinakataza kuasisi chama kwa msingi wa dini, lugha, kabila, jinsia au eneo. Eneo! Sheria ya Vyama vya Siasa ya 2011 ikaweka kipimo: wanachama wasiopungua 1,000 waliosajiliwa kupiga kura katika kila kaunti, kwa zaidi ya nusu ya kaunti zote. Yaani kaunti 24. Pwani yote ina sita. Fikiria kazi ya mtu wa Shirikisho mwenye fomu mkononi huko Nyamira au Embu, anamtafuta mwanachama wa elfu moja wa chama kinachosema pesa za bandari zibaki Mombasa. Atamwambia nini? Kwa hiyo chama cha mkoa nchini Kenya, kwa mujibu wa sheria, lazima kijifanye cha taifa au kisiwepo. Vyote vinavyoonekana kuwa vya mkoa vimepita mlango huo vikiwa vimejifunika shuka.

Na mgombea huru akaruhusiwa. Ile kazi ya kituo cha basi ikaisha nayo. Desemba 2020 Msambweni ilipofanya uchaguzi mdogo, Feisal Bader aliishinda ODM akiwa huru, huku akiungwa mkono na William Ruto. Miaka ya tisini mtu kama huyo angelazimika kubisha hodi kwenye mlango wa chama kidogo.

Malalamiko ya Pwani hayakwisha, ila yalihamia pengine. Kundi la Mombasa Republican Council, MRC, likaandika “Pwani si Kenya” kwenye kuta, likapigwa marufuku 2010, likafunguliwa na mahakama 2012, likawahimiza watu wasusie uchaguzi wa Machi 2013. Mwenye hasira zaidi alikwishatoka kwenye sanduku la kura kabisa. Aliyebaki kwenye sanduku alikuwa na ODM. Shirikisho ilihitaji watu walio katikati: wenye hasira ya kutosha kukataa vyama vya Nairobi, na wenye imani ya kutosha kuendelea kupiga kura. Hao ni wachache kila mahali.

Tumrudie Kingi. Baada ya Magarini akawa waziri 2008, kisha gavana wa Kilifi kwa mihula miwili, 2013 hadi 2022, vyote kwa ODM. Akaja na hoja ileile ya zamani, kwamba Pwani iwe na chama chake iingie mezani ikiwa na kiti chake. Hassan Joho, gavana mwenzake wa Mombasa na naibu kiongozi wa ODM, alibaki ODM. Kingi akaenda na Pamoja African Alliance, PAA. Tazama jina: hakuna Pwani ndani yake, hakuna shirikisho, kuna Afrika nzima. Somo la kifungu cha 91 lilikuwa limeeleweka.

PAA ikajiunga na Azimio, muungano wa Raila, kisha Mei 2022, miezi mitatu kabla ya kura, ikatangaza inahamia Kenya Kwanza, muungano wa Ruto. Kwenye sanduku haikufanya maajabu. Ugavana wa Kilifi, nyumbani kwa Kingi, ulikwenda kwa Gideon Mung'aro wa ODM. PAA ikapata wabunge watatu: Ganze, Rabai na Kinango. Raila akaipata Pwani kama kawaida.

Lakini bunge la 2022 lilikuwa limegawanyika karibu nusu kwa nusu. Katika Seneti, maseneta wa kuchaguliwa walikuwa 24 kwa 23. Safari hii hapakuwa na NDP ya kuuza gunia zima asubuhi ya kwanza. Kila chama kidogo kilihesabiwa kilo kwa kilo, na wa kwanza kufika sokoni ndiye aliyepata bei. Septemba 8, 2022, Kingi alichaguliwa Spika wa Seneti, Seneti ileile ambayo katiba ya majimbo iliiunda na KANU ikaifuta. Ukilinganisha na Shirikisho, tofauti ya viti ni viwili tu. Tofauti ya malipo huwezi hata kuipima.

Wako watakaosema hiyo inathibitisha kwamba chama cha Pwani kinawezekana. Mimi sioni hivyo. Inathibitisha kwamba mwanasiasa wa Pwani mwenye chama mfukoni, akifika wakati wa bunge lenye mizani sawa, anaweza kupata cheo kikubwa. Wapiga kura wa Kilifi waliokataa kumpa mtu wake ugavana walikuwa wanajibu swali jingine, lilelile walilolijibu 1997: nani ataingia Ikulu, na sisi tutakuwa upande gani.

Likoni haikurudi kwa chama cha Pwani. Mwahima wa ODM alichaguliwa tena 2013, na tangu 2017 mbunge ni Mishi Mboko, naye ni wa ODM.